Sababu Tano za Kununua Mtandio kwa Dada wa Hosteli

5. Duka la dada huyu liko begani mwake. Wahenga walisema chema chajiuza, kibaya chajitembeza, lakini hawakukaa hosteli. Pale Chuo Kikuu cha Kisii chema kinapanda ngazi, kinabisha mlango, na usiku kinakufuata WhatsApp.

4. Mzigo umesafiri kuliko wewe. Umetoka Eastleigh, Nairobi, zaidi ya kilomita 300, ukapita Narok na Sotik, ukachungulia Keroka, pale kaunti za Kisii na Nyamira zinapogawana mji mmoja. Ukiufungua bado una mikunjo ya gunia. Pasi unayo, au tukuazime?

3. Anajua kitambaa, na hapa msinikimbize. Shifoni ni nzuri kwa picha, ila inateleza. Ukichoma pini palepale kila siku, tundu linakua. Jezi inavutika na kutulia bila pini, lakini mchana wa jua inakuivisha masikio. Pamba inapumua, ila mvua ya Kisii ya alasiri ikiikuta, kesho asubuhi bado iko kwenye kamba. Dada mwema hakufichi haya. Anaushika mtandio, anauweka mbele ya dirisha na kuingiza mkono nyuma yake: ukihesabu vidole vyake vyote vitano, chukua na kofia ya ndani. Mimi sikuhesabu. Nilinunua gizani kwa muuzaji mmoja wa njiani, nikafika darasani nimevaa wavu wa samaki.

2. Wateja wake si Waislamu peke yao. Kuna Msabato wa Jumamosi, kuna anayejifunika kwa sababu msusi amemwacha nusu kichwa, na kuna anayemnunulia nyanya yake wa Nyamira, anayechuma chai akiwa amefunga kitambaa tangu alfajiri. Heshima ya kichwa Gusii haikuanza jana. Ila nyanya hataki shifoni, usijaribu.

1. Anakopesha, unalipa baadaye kwa M-Pesa. Mwaka 2007 M-Pesa ilizinduliwa, na mwaka huohuo chuo hiki kikawa chuo kishiriki cha Egerton. Ni rika moja hao, wamekua pamoja. Hata hivyo mkopo wa masomo ukichelewa, simu zote huwa kimya na daftari la madeni hunenepa. Mtaji wake ni huohuo mnaoufunga kichwani, na kila deni ni mtandio mmoja usiorudi Eastleigh kuleta mwenzake. Kama jina lako limo daftarini, acha kusoma. Tuma kwanza.