Jicho la Pili

Kumfuta uso mwanasesere wa Barbie ni kazi ya dakika chache. Pamba kidogo, asetoni ileile inayotoa rangi ya kucha, na sura yote ya kiwandani inaondoka bila ubishi: nyusi, midomo, hata tabasamu. Kinachobaki ni kichwa laini kama yai lililomenywa, ila kina nywele. Hapo ndipo mtu anapojiona fundi. Anachora jicho la kwanza, nalo kwa bahati linakubali. Kisha linakuja jicho la pili, na aliyestaajabu ya Musa anayaona ya Firauni. Kwa kawaida aliyeharibu huambiwa kwamba hana kipaji, na mimi nasema anaonewa. Shida ni kwamba sura haijui kukosewa kidogo. Kosa dogo popote pengine huonekana kosa. Kwenye uso huonekana tabia.

Ukichora kikombe kikapinda, kinabaki kikombe kilichopinda, na hakuna atakayesema kikombe hicho kina kinyongo. Barbie ana urefu wa sentimita 29 hivi, na jicho lake halipiti sana punje ya mchele. Kwenye punje hiyo, kope ikipanda nusu milimita, bibie ameshasikia umbea. Nyusi zikishuka upande wa ndani, anadai kodi ya miezi mitatu. Mboni zikikaa juu mno, yuko kwenye maombi na mapepo bado hayajatoka. Wenye kiwanda wenyewe wanajua uzito wa jambo hili. Barbie alipotoka mwaka 1959 alikuwa akitazama pembeni, kama mwari aliyeletewa posa. Mwaka 1971 Mattel walimtoa mwingine, wa Malibu, anayetazama mbele moja kwa moja. Mboni zilisogezwa kidogo, lakini ukiwaweka wawili hao pamoja, mmoja anakuogopa na mwingine anakuuliza unatafuta nini. Miaka 12 kuhamisha mboni! Halafu mtu anataka kumaliza Jumamosi moja, kati ya kufua na kupika.

Wapo watakaosema: mbona wanawake hupaka wanja kila asubuhi, tena ndani ya daladala inayoruka matuta, na wanashuka wamependeza? Hoja hii ina nguvu, na aliyewahi kushuhudia ufundi huo hawezi kuudharau. Lakini mwenye uso wa damu na nyama anapepesa, anacheka, anageuka, na nyusi zake zisizolingana hupotea ndani ya mazungumzo. Tena jicho lake lilikuwapo tangu azaliwe. Wanja unafuata mpaka uliokwisha kuwekwa. Mwanasesere aliyefutwa hana mpaka, na akishapakwa anakukodolea vilevile usiku na mchana. Ndiyo maana mchoraji huongeza kidogo kulia ili kulingane na kushoto, kisha kushoto ili kulingane na kulia, na suluhu inapopatikana macho yameshapanga nyumba moja na masikio.

Wengine hulaumu vifaa, na hapo nakubali nusu. Rangi ya akriliki haishiki vizuri juu ya vinaili tupu. Huteleza au hubanduka, kwa hiyo mafundi hupuliza kwanza vanishi isiyong'aa, wakachora, wakapuliza tena. Anayeokoa fedha kwa kutumia kalamu ya wino usiofutika atakuta siku zikienda wino unatambaa ndani ya vinaili, na midomo inaanza safari ya kuelekea kidevuni. Asetoni nayo ikidondokea kiwiliwili cha plastiki ngumu huweza kukiyeyusha. Na mkazi wa Tanga au Mombasa ana mtihani wa ziada: vanishi ikipulizwa hewa ikiwa na unyevu mwingi, huweza kuganda na ukungu mweupe, na mrembo akatoka kama aliyepakwa unga. Yote hayo yana dawa, na dawa zinauzwa. Brashi ya kulinganisha macho ndiyo isiyouzwa.

Basi si bora kununua mpya? La. Mwaka 2015, Sonia Singh wa Tasmania, Australia, alipata sifa kwa kuwachukua wanasesere waliotumika, kuwafuta vipodozi vizito na kuwachorea nyuso za watoto wa kawaida. Ukitazama kazi yake utaona siri: alipunguza. Macho madogo, midomo midogo, basi. Na panapochorwa kidogo, pande mbili hukosa la kugombania. Hata asiyefika hapo hajapata hasara kubwa kama inavyodhaniwa. Mwaka 2012, katika kanisa moja la Borja, Hispania, bibi aliyepita miaka 80 alijaribu kurekebisha picha ya ukutani ya Yesu, sura ikaharibika, na ulimwengu ukacheka. Kisha ulimwengu huohuo ukapanda ndege kwa maelfu kwenda kuitazama. Picha ilipokuwa nzima, walioijua walikuwa wa palepale mjini.

Kwa hiyo chora. Fungua dirisha, weka asetoni mbali na jiko, na kama unatumia mkono wa kulia, anza na jicho la kushoto ili usilifute kwa kiganja. La kulia usilichore usiku.