Namna ya Kumwajiri Mlinzi wa Laptopu ya ARM

Laptopu mpya zenye prosesa za ARM zimeingia ofisini: nyepesi, hazipati joto, chaji inakaa kutwa. Bosi anataka zigawiwe kesho. Kabla hujagawa hata moja, itafutie mlinzi, yaani antivairasi.

1. Muulize anajua lugha gani. Programu iliyotengenezwa kwa prosesa za Intel haielewani na ARM bila mkalimani. Apple ilipotoa prosesa yake ya ARM, M1, mwaka 2020 ilimleta Rosetta 2. Windows 11 tangu 2024 ina Prism. Lakini wakalimani hawa huishia sebuleni. Kwenye kerneli, chumba cha ndani kabisa, hawaingii: draiva ya huko lazima iwe ya ARM yenyewe. Antivairasi ya Windows isiyo na draiva hiyo ni askari mwenye sare aliyefungiwa nje ya geti.

2. Kagua kitambulisho. Kwenye Mac, fungua Activity Monitor utazame safu ya aina. Ukikuta neno Intel, rudi kwa muuzaji udai toleo la ARM. Akikwambia ushushe kiwango cha usalama cha Mac ili draiva yake ya zamani ipite, kataa. Huwezi kubomoa ukuta ili mlinzi apate pa kuingilia.

3. Mkabidhi funguo. Tangu Catalina ya 2019, macOS ina njia rasmi ya programu za ulinzi kufuatilia yanayotendeka bila kugusa kerneli. Zinahitaji vibali viwili: cha nyongeza ya mfumo na cha kusoma diski nzima. Vitume kupitia mfumo wa kusimamia vifaa. Usimwachie mhasibu dirisha la kuuliza ruhusa mwisho wa mwezi. Atalifunga aendelee na mishahara, na ana haki.

4. Mtegee mwizi wa bandia. Faili la majaribio la EICAR lina herufi 68 tu na halidhuru chochote. Antivairasi hutengenezwa zilikamate. Niliwahi kuliweka kwenye laptopu ya mwenzangu, alama ya kijani ikiwaka juu ya skrini. Chai ikapoa, faili bado limekaa palepale. Kibali cha diski hakikuwahi kutolewa, na ndani mlikuwa na akaunti za benki za wafanyakazi wote.

Basi rudia hatua ya nne kwa kila laptopu. Faili likikamatwa, mpe mwenyewe mashine yake. Lisipokamatwa, mwambie bosi kesho haitoshi.