Kijiti cha Kusoma Nafsi

Siku hizi ukishika kijiti cha chuma cha mashine ya vipimo, skrini inawaka rangi, na kabla hujavuta pumzi umeshasomewa ini, figo, huzuni na kijicho cha jirani. Eti mashine inanasa nishati za mwili na kuziunganisha na za ulimwengu. Nishati zenyewe hazina mipaka, ila umeme ukikatika hapa mtaani kwetu Sakina, ulimwengu wote unasubiri jenereta.

Babu Ambilikile Mwasapila, aliyegawa kikombe cha dawa, hakuhitaji soketi. Mwaka 2011, kule Samunge, Loliondo, kikombe kilikuwa shilingi 500: mizizi ya mugariga, maji na maombi. Foleni ilienea kilomita nyingi, na mawaziri nao walikunywa. Hakuna aliyerudi na karatasi nne za majibu zenye michoro, wala aliyeambiwa kwamba dawa ya nafsi iliyopauka inauzwa kwenye kabati la palepale.

Kijiti hicho, kama kinapima chochote, ni unyevu wa kiganja. Ngozi yenye jasho hupitisha umeme kwa urahisi zaidi. Basi mgonjwa apimwe mara ya pili, akishatajiwa bei. Atakutwa na nishati tele.