Nakivale, Saa Zote Ni Sahihi

Watunzi wa hadithi za kubuni hutoka jasho wakiumba nchi ambako wakati unakunjika: mtu analala kijana anaamka mzee, au kesho inafika kabla jana haijaondoka. Wangepanda taksi ya Mbarara wakashuka Nakivale, wangeokoa wino mwingi. Huku, kutoka mlango wangu hadi wa jirani ni hatua chache na saa nzima.

Sababu yenyewe haina uchawi. Makazi haya ya wakimbizi, hapa Uganda, yalianzishwa mwaka 1958, na kila mkimbizi aliyeingia alikuja na godoro, sufuria na saa ya kwao. Mapokezini wanaandika jina, kijiji na idadi ya watoto. Saa hakuna anayekuuliza. Uganda na Somalia ziko saa tatu mbele ya Greenwich. Rwanda, Burundi na mashariki ya Kongo ziko saa mbili. Kinshasa iko saa moja tu, ndiyo maana binamu yangu wa huko hupiga simu saa nne za usiku akishushia chakula, kwangu ni saa sita, halafu ananishangaa: "Yaya, siku hizi unalala mapema!"

Jirani yangu kutoka Bukavu amekataa katakata kugeuza saa yake ya mkononi. "Aliniachia marehemu baba," anasema. "Mimi ndiye niliyekimbia. Yenyewe haikukimbia." Tulialikwa harusi Mbarara, kadi imeandikwa saa kumi. Nikamsubiri njiani huku nimevimba kwa hasira. Yeye akatokea saa kumi ya baba yake, yaani saa kumi na moja ya Uganda, na mlangoni mwa ukumbi tukaanza kuomba radhi. Ndani alikuwemo kijana mmoja anapanga viti. Tulichelewa saa nzima, na bado tukawa wageni wa kwanza. Tulimsaidia viti.

Ningemkosoa, lakini jua liko upande wake. Saa ya Uganda imefuata mstari wa nyuzi 45 mashariki, unaopita karibu na Mogadishu. Sisi wa Mbarara na Nakivale tuko karibu na nyuzi 31. Kwa hiyo jua la utosi linatufikia karibu saa saba, na saa kumi na mbili asubuhi natafuta ndala kwa tochi. Saa ya jirani, jua likiwa utosini, inasoma sita, kama kitabu cha shule kinavyotaka. Enzi ya ukoloni, Afrika Mashariki iliwahi kutembea saa mbili na dakika 45 mbele ya Greenwich. Naona ilikuwa bei ya maelewano. Leo Mganda ana jua lake lakini saa anatumia ya Mogadishu, na Msomali wa dukani ana saa yake lakini jua lake amelisahau kwao.

Nilipompata fundi cherehani Mhabeshi nilimshukuru Mungu, maana Wahabeshi wanahesabu saa kuanzia alfajiri kama sisi. Nikampa kitambaa, nikauliza shati litakuwa tayari lini. "Mwezi wa kumi na tatu." Mafundi wote wana mwezi wa kumi na tatu; huyu ndiye wa kwanza kunionyesha kwenye kalenda. Upo kweli: siku tano, au sita, mwanzoni mwa Septemba, kabla ya mwaka wao mpya. Kalenda hiyo iko nyuma ya yetu kwa miaka saba au minane. Mwaka 2000 wao waliupokea tarehe 12 Septemba 2007. Shati lilipokamilika likanibana kwapani. Fundi hakubabaika. Alinitazama tumbo, akaniambia kwa kalenda yake sijanenepa bado.

Ofisi moja, nisiyoitaja, ikatutumia ujumbe kwa Kiingereza: tufike 2:00. Mkalimani akasoma saa mbili. Saa mbili asubuhi tulikuwa getini na makaratasi yetu kwenye bahasha za kaki. Wenzetu walimaanisha saa nane mchana. Saa sita nzima tulisubiri juani, na aliyefaidi ni mama muuza mandazi. Ujumbe uliofuata ulisema 8:00. Mkalimani, aliyeapa hatatutia aibu tena, akatangaza saa nane. Tulifika tumeoga, tumekula, tumechana nywele. Askari akatushangaa: "Mlikuwa wapi asubuhi?"

Baada ya yote hayo, saa moja tu inakubalika na mataifa yote hapa: taksi ya Mbarara huondoka ikijaa. Mrundi anaielewa, Msomali anaielewa, fundi wangu anaielewa, wala hahitajiki mkalimani. Juzi nimekaa ndani, magoti yamegusa kidevu, kuku wa mtu yuko miguuni, nikamuuliza kondakta tunaondoka saa ngapi.

"Bado mmoja tu, mzee."

Wakapanda watatu.

"Sasa je?"

"Bado mmoja."

Abiria wakaanza kunung'unika kwa lugha zote za Maziwa Makuu. Tumejaa hadi mlangoni, huyo mmoja atakaa wapi? Kondakta akatuonyesha kiti cha mbele, nyuma ya usukani. Dereva alikuwa bado anakunywa chai.