Jinsi ya Kujipatia Riziki kwa Kuwacheka Waheshimiwa

Kwanza chagua jimbo. Ukipewa lenye viongozi watulivu, wanaosoma miswada kabla ya kuipigia kura, kataa kazi, utakufa njaa. Omba Texas. Bunge lake hukutana Austin, katika jumba la mawe ya rangi ya waridi lililokamilika mwaka 1888, na kikao cha kawaida ni siku 140 tu kila baada ya miaka miwili. Wabunge 150 na maseneta 31 hulipwa dola 600 kwa mwezi, kiwango kilichowekwa mwaka 1975. Fedha hiyo haikidhi hata kodi ya nyumba mjini humo, kwa hiyo mheshimiwa lazima awe na shughuli nyingine ya kumlisha, na shughuli hiyo pengine inaguswa na muswada ulio mezani kwake. Mwulize kwa upole anaishije. Hapo una safu yako ya kwanza.

Halafu, acha kujitungia vichekesho. Chipukizi hukesha wakisaka kejeli ambayo waheshimiwa wameshaileta bungeni mchana na kuipitisha. Mwaka 1971 mbunge mmoja wa Waco, Tom Moore, alitaka kuthibitisha kwamba wenzake hawasomi wanachokipitisha. Akaleta azimio la kumpongeza Albert DeSalvo kwa mchango wake katika kudhibiti ongezeko la watu. DeSalvo ni yule aliyekiri kuwanyonga wanawake wa Boston. Azimio likapita bila mtu kupinga. Mwaka 1989, sheria ya fidia kwa wafanyakazi walioumia kazini ikiwa inajadiliwa, tajiri wa kuku aitwaye Bo Pilgrim aliingia ukumbi wa Seneti na kuwagawia maseneta hundi za dola 10,000, nafasi ya jina la mpokeaji ikiwa tupu. Sisi tuliozoea bahasha ya kaki inayopita chini ya meza tunaweza kumwona mshamba. Lakini hakuvunja sheria yoyote ya Texas! Mambo kama haya yaandike kwa lugha kavu ya karani wa mahakama. Ukitia chumvi, utayaharibu.

Mhariri naye ana mitihani yake. Molly Ivins, bingwa wa kazi hii, aliingia Texas Observer mwaka 1970, kisha New York Times wakamchukua mwaka 1976. Huko, kwa masimulizi yake mwenyewe, kitambi cha bia alichokipamba kwa maneno kilitoka gazetini kikiwa tumbo lililotokeza. Usicheke sana, kalamu nyingi zimenyooshwa hivyo mpaka zikafa. Mwaka 1982 alirudi kwao, akaingia Dallas Times Herald. Akamwandika mwakilishi mmoja kwamba akili zake zikipungua kidogo tu, itabidi awe anamwagiliwa maji mara mbili kwa siku. Wenye matangazo wakachachamaa. Gazeti halikumfukuza: lilitundika mabango barabarani yakiuliza kama kweli Molly Ivins anaweza kusema hivyo. Swali hilo likawa jina la kitabu chake cha mwaka 1991, kikauzwa sana. Gazeti lenyewe lilifungwa Desemba mwaka huohuo, kwa hiyo tafuta mwajiri jasiri, lakini akiba yako weka kwingine.

Kuhusu chakula: wapiga debe wa makampuni watakualika, na nyama ya Texas ni tamu kweli. Jilipie. Anayekulisha leo kesho atataka umwite mzalendo.

Mwisho, habari mbaya. Vituko vitakupa jina, lakini kazi hasa iko kwenye kamati zinazokaa hadi usiku wa manane zikijadili bima, maji na fedha za shule, wakati wenzako wameshakwenda kulala. Huko hakuna anayechekesha, na huko ndiko mwananchi anakonyolewa bila maji. Nenda. Kikao hufunguliwa Jumanne ya pili ya Januari, katika miaka isiyogawanyika kwa mbili, na kiingilio hakuna.