Wakili Uvundo

Simba, mvua na wali wa Kilombero wameshasifiwa vya kutosha. Mimi nausifu uvundo wa samaki. Bonde zima hili halina mtetezi wa mali ya mnyonge anayeufikia. Hauna joho, hauna leseni, haudai nauli, na bado husikilizwa siku ile ile.

Chukua matenga ya kambale na perege yaliyokamatwa mto Lumemo kwa sababu mvuvi alitumia kokoro. Asubuhi ni vielelezo tu, vimekaa kwa adabu kwenye pembe ya kituo. Jua la Ifakara likishapanda, uvundo unaanza kuwasilisha hoja: kwanza kwa askari wa zamu, kisha kwa mpelelezi, kisha kwa yeyote anayepita na kitambaa puani. Jalada lililokuwa halionekani linaonekana. Karani aliyetoka kidogo anarudi. Hakimu haulizi kama upelelezi umekamilika, wala hakuna anayeomba ahirisho. Amri inatoka: wauzwe, wafukiwe au, siku yenye baraka, mwenyewe arudishiwe kwa dhamana. Mawakili wa mjini huandika hati ya dharura kurasa nyingi. Uvundo hauandiki hata mstari.

Nawahurumia kambale wa kubanika. Moshi umewatuliza, wakakosa haki ya kuharakishwa.

Na si kwamba uvundo unapita njia za panya. Mwongozo wa Polisi wenyewe, PGO 229, unataka kielelezo kinachoharibika kipelekwe kwa hakimu pamoja na mtuhumiwa, na kipigwe picha ikiwezekana, kabla ya kuteketezwa. Mahakama ya Rufani imelishikilia hilo barabara: mtuhumiwa awepo na asikilizwe. Katika kesi za nyama pori, pale nyama ilipofukiwa bila mtuhumiwa kuulizwa neno, fomu ya orodha ya mali imetupwa nje ya ushahidi na mfungwa akaenda zake nyumbani. Nyama iliyokwisha kuoza ardhini imemfungulia mtu gereza. Nionyesheni profesa wa sheria mwenye rekodi kama hiyo.

Msidhani ni mambo ya huku mtoni tu. Machi 2009 meli ya Tawariq 1 ilikamatwa katika maji ya Tanzania ikiwa na karibu tani 300 za samaki, jodari kwa wingi. Waziri wa uvuvi alikuwa John Magufuli, na watu wakawabatiza “samaki wa Magufuli”. Samaki wakagawiwa bure kwa taasisi za umma. Nahodha alihukumiwa 2012, na Mahakama ya Rufani ikaitengua hukumu hiyo 2014, samaki wakiwa wameshaliwa zamani. Kwa hesabu yangu, samaki walipata dhamana miaka kadhaa kabla ya nahodha. Na meli? Chuma hakinuki. Ilibaki Dar es Salaam ikichakaa.

Hapo ndipo penye huzuni ya sifa hizi. Hata samaki wakiuzwa kwa amri ya mahakama, fedha huwekwa hadi kesi iishe, na fedha nayo haina harufu. Mara tu samaki wanapogeuka noti, haraka yote inakwisha. Vivyo hivyo baiskeli, mbao na pikipiki. Jirani yangu pikipiki yake iko chini ya mwembe kwenye kituo fulani, majani yameshaingia kwenye spoku, na kila akienda huambiwa afisa anayehusika yuko nje ya ofisi.

Nilimshauri siku nyingine akiona kizuizi mbele, afunge perege wawili wabichi chini ya kiti. Akafikiri kidogo, akasema perege wamepanda bei, akaniuliza kama dagaa watatosha. Nikamwambia dagaa wabichi, sawa, wakavu watamkawiza.