Konda, Ongeza Sauti

Mchekeshaji wetu wa kwenye simu, yule wa kuvaa dera na kujipaka unga usoni, kaachia singo ya hip-hop. Konda wa Kinyerezi kaiwasha tangu Kariakoo. Tunafika Segerea jamaa bado anajitambulisha: yeye nani, prodyuza nani, wanaomwonea wivu nani.

Wala tusimseme vibaya, nafasi si iko wazi? Rapa Sugu aliukwaa ubunge Mbeya Mjini 2010, Profesa Jay akaenda na Mikumi 2015, MwanaFA akabeba Muheza 2020, na 2023 akawa Naibu Waziri wa sanaa zenyewe. Wenye mistari wakihamia Dodoma, maiki abaki nayo nani?

Jamaa wetu anajiita umeme. Kwa Kinyerezi, yenye mitambo ya gesi ya megawati 240 kwenye Kinyerezi II pekee na bado tunanunua mishumaa, hilo ni jina la kulifikiria mara mbili. Kwenye video kaegemea gari la kifahari, lakini utepe wa harusi bado umening'inia kwenye kioo cha pembeni.

Dada mmoja siti ya nyuma akauliza, "Konda, anaanza kuchekesha saa ngapi?"

"Dada'angu, si ndiyo hapo!"